Neno Limebadilika, Maana Nayo Imepotea: Utatuzi wa Matatizo ya Visawe Unapoandika Upya

Kuandika upya maandishi kwa maneno mengine ni kazi ya kila siku kwa watu wengi kuliko tunavyodhani. Mwanafunzi wa chuo huifanya anapoandaa mapitio ya maandiko, mwandishi wa habari anapoigeuza taarifa ndefu ya ofisi kuwa habari fupi, na katibu wa kikundi cha kuweka na kukopa anapoziandika upya kanuni ili wanachama wote wazielewe. Wote hao huondoa neno moja na kuweka jingine wanaloamini kuwa lina maana ileile, na mara nyingi huwa hawajui kwamba kuna kilichoharibika mpaka msomaji aulize swali ambalo nakala ya awali ilikuwa imekwisha kulijibu.

Maelekezo haya yamepangwa kwa dalili, yaani kile ambacho msomaji au mhariri hukiona kwanza, kisha chanzo chake, kisha namna ya kurekebisha. Yanasimama juu ya msimamo mmoja ambao nauamini kwa dhati: kisawe huchaguliwa kwa ajili ya sentensi. Kamusi inaweza kukupa maneno matano yanayokaribiana, lakini haijui sentensi yako imebeba nini wala itasomwa na nani.

Pa kuanzia

Sentensi iliyoharibika isitengenezwe kwa kubahatisha. Iweke nakala ya awali kando ya nakala mpya, kisha rudisha maneno ya zamani moja baada ya jingine, ukiisoma sentensi nzima kwa sauti kila mara. Ikiwa sentensi inatengemaa mara tu neno fulani linaporudi, kosa limo katika kisawe cha neno hilo. Ikiwa haitengemai mpaka maneno mawili au matatu yarudi kwa pamoja, basi ulikivunja kifungu kilichokuwa kimeshikamana, na kutafuta kisawe kingine cha neno mojamoja hakutasaidia. Na ikiwa maneno yote yamerudi huku sentensi ikiwa bado nzito, kasoro ilikuwamo katika nakala ya awali, hivyo inakupasa uisuke sentensi upya kabla ya kufikiria visawe.

Dalili: hakuna kosa la sarufi, lakini sentensi inasema jambo jingine

Hii ndiyo dalili ya hatari kuliko zote, kwa sababu macho hayaigundui. Tahajia ni sahihi na sarufi haina dosari, ila maana imehama. Chukua kifungu hiki cha mkataba wa kupanga nyumba, cha aina inayoandikwa kila siku mijini:

"Mpangaji atalipa kodi ya nyumba kwa wakati, na akichelewa kwa siku 30 mwenye nyumba atakuwa na haki ya kuvunja mkataba."

Mtu anayefuata orodha ya visawe neno kwa neno anaweza kuleta hiki:

"Mkazi atalipa ushuru wa makazi kwa muda, na akikawia kwa siku 30 mmiliki atakuwa na stahili ya kukiuka mapatano."

Kila neno jipya lina udugu na neno lililoondoka, lakini mkataba umepinduka. Mkazi ni yeyote anayeishi mahali, hata mtoto wa mpangaji au mwenye nyumba mwenyewe, ilhali mpangaji ni mtu mmoja aliyeingia katika makubaliano na kujifunga kulipa. Kodi ina maana mbili, malipo ya pango na malipo ya lazima kwa serikali, na ushuru unaukaribia upande wa pili tu, kwa hiyo msomaji sasa anafikiria malipo ya halmashauri. "Kwa wakati" maana yake ni bila kuchelewa, na "kwa muda" maana yake ni kwa kipindi kifupi kisha basi, kwa hiyo mpangaji ameambiwa alipe kidogo halafu aache. Mapatano nayo yanamkumbusha msomaji watu waliogombana wakasuluhishwa, si hati iliyotiwa saini.

Kosa kubwa zaidi liko mwishoni. Kuvunja mkataba kunaweza kumaanisha kwenda kinyume cha masharti yake, na kunaweza kumaanisha kuumaliza kabla ya muda wake. Kifungu cha awali kilikusudia maana ya pili. Kukiuka hubeba maana ya kwanza peke yake, hivyo mwenye nyumba amepewa haki ya kuyavunja masharti aliyoyaweka mwenyewe. Katika kifungu chote, neno lililobadilishwa bila kuleta madhara yoyote ni "akikawia".

Chanzo cha haya yote ni kutafuta kisawe cha neno kabla ya kuamua ni maana ipi ya neno hilo inayotumika mahali hapo. Njia ya kurekebisha ni rahisi ingawa wengi huiruka: kabla ya kufungua kamusi, andika pembeni, kwa maneno yako, neno hilo linafanya kazi gani katika sentensi hiyo. Pembeni mwa "kodi" utaandika "fedha anazopewa mwenye nyumba". Pembeni mwa "kuvunja", "kuumaliza kabla ya muda". Sasa tafuta neno linalolingana na maelezo hayo. Utapata "pango" na "kusitisha", na kifungu kinaweza kuandikwa hivi: "Kodi ya pango italipwa na mpangaji bila kuchelewa, siku 30 zikipita tangu tarehe ya malipo naye hajalipa, mwenye nyumba anaruhusiwa kuusitisha mkataba." Angalia kwamba majina muhimu, yaani mpangaji, mwenye nyumba na mkataba, hayakuguswa. Kilichobadilika zaidi ni mpangilio.

Maneno mengine yenye tabia hiyo ni mengi, na baadhi yake hayatiliwi shaka kwa sababu ya udogo wake. "Anakaa Tanga" haiwezi kuwa "anaketi Tanga", ingawa kukaa na kuketi ni visawe mtu akiwa juu ya kiti. Idadi ni ya vitu vinavyohesabika na kiasi ni cha vinavyopimwa, kwa hiyo kiasi cha maji hakiwi idadi ya maji. Kuhakikisha ni kufanya juhudi ili jambo liwe kweli, na kuthibitisha ni kuonyesha kwamba ni kweli. Mkaguzi anayeagizwa ahakikishe dawa zipo ghalani ana kazi kubwa kuliko anayeagizwa athibitishe kwamba zipo.

Dalili: msomaji anajikwaa kwenye upatanisho

Hapa chanzo hujulikana mara moja. Kisawe kimetoka katika ngeli nyingine, na maneno yaliyokuwa yakilifuata neno la zamani yamebaki na viambishi vyake. "Ugonjwa huu umeenea katika vijiji vingi na unawashambulia watoto" ikibadilishwa kwa amri ya kompyuta ya kubadili neno moja kote, hutoa "Maradhi huu umeenea". Sentensi sahihi inadai mabadiliko mengine matatu: "Maradhi haya yameenea katika vijiji vingi na yanawashambulia watoto." Vivyo hivyo "shida hizi zimekwisha" huwa "matatizo haya yamekwisha".

Makosa yaliyo jirani na neno huonekana na kusahihishwa. Yanayosalia ni yale ya mbali, hasa katika sentensi inayofuata, ambamo jina lenyewe halikutajwa bali limeachwa ndani ya kitenzi: "Tulipoutambua, tuliripoti wilayani." Kiambishi "-u-" kilikuwa cha ugonjwa, sasa ugonjwa haupo tena, na msomaji anahangaika kutafuta kilichotambuliwa. Kwa hiyo kila unapobadili jina, fuata mkondo wake hadi mwisho wa aya, ukikagua vivumishi, viambishi vya vitenzi, virejeshi na viwakilishi. Majina ya watu na wanyama yana nafuu, kwa kuwa kwa kawaida hufuata upatanisho uleule wa A-WA hata umbo la jina likibadilika.

Dalili: sentensi inakwama katikati

Msomaji anaanza vizuri, kisha anasimama na kurudi nyuma. Kagua kwanza viunganishi, halafu vitenzi.

"Ingawa" na "licha ya" yana maana moja, ila hayakai katika muundo mmoja. "Ingawa mvua ilinyesha, mkutano ulifanyika" ni sahihi. "Licha ya mvua ilinyesha" si sahihi, kwa sababu "licha ya" hutaka jina au kitenzijina, nasi tunaandika "Licha ya mvua kunyesha". Tofauti hiyohiyo ipo kati ya "kwa sababu" na "kutokana na". Anayebadilisha "kwa sababu barabara iliharibika" atalazimika kuandika "kutokana na kuharibika kwa barabara". Neno "budi" nalo ni kisawe cha "lazima" kwa maana, lakini hutumika likiwa na ukanushi: "Ni lazima alipe" huwa "Hana budi kulipa", wala hakuna anayesema "Ni budi alipe".

Kwa vitenzi, tatizo ni idadi ya wanaoguswa na tendo. Kupa humchukua mpokeaji na kitu kwa pamoja: "Mwalimu aliwapa wanafunzi vitabu." Kutoa hakufanyi hivyo bila msaada, na "Mwalimu aliwatoa wanafunzi vitabu" humfanya msomaji awaone wanafunzi wakitolewa nje. Andika "Mwalimu alitoa vitabu kwa wanafunzi", au tumia kitenzi kinachoweza kubeba wote wawili, kama vile kugawia. Ukiwa na shaka juu ya kitenzi kipya, tunga kwanza sentensi fupi sana yenye mtenda, mtendwa na kitenzi hicho. Ikikataa ikiwa fupi, haitakubali ikiwa ndefu.

Dalili: maneno yanaeleweka mojamoja, lakini hakuna Mswahili anayesema hivyo

Kiswahili kina vitenzi vichache vinavyofanya kazi nyingi mno, na kupiga ndicho kinara wao. Tunapiga simu, kura, picha, pasi, hatua na marufuku. Orodha ya visawe vya kupiga itakuletea kugonga, kuchapa na kutwanga, na hakuna hata kimoja kitakachofaa mbele ya kura. Chanzo ni kwamba kitenzi na jina lake vimeungana kuwa neno moja kwa maana, ingawa tunaviandika mbalimbali. Basi kitafutiwe kisawe kifungu kizima: kupiga marufuku ni kukataza, kupiga hatua ni kuendelea, kukata tamaa ni kuvunjika moyo, kula kiapo ni kuapa. Wakati mwingine kisawe cha kifungu hubana maana, kwa mfano kupiga kura kunapokuwa "kuchagua": inafaa watu wanapochaguliwa, haifai wananchi wanapoulizwa ndiyo au hapana kuhusu katiba.

Kuna pia mabadiliko yanayokubalika kisarufi lakini yanayoongeza chumvi. Kufanya kazi na kuchapa kazi si sawa, kwa kuwa la pili lina sifa ndani yake. Ukiandika kwamba mtumishi fulani "anachapa kazi" katika ofisi fulani, umeshamsifu kabla ya ushahidi.

Methali na nahau zisibadilishwe maneno hata kidogo. Ama ziachwe zilivyo, ama zitolewe na mahali pake pawekwe maelezo ya kawaida ya kile zilichokusudia. Wenye ruhusa pana zaidi ya kubadilishana maneno ni washairi, ambao kwa sababu ya vina na mizani, yaani silabi 16 katika mshororo wa kawaida wa tarbia, huchukua "mtima" badala ya "moyo" wanapopungukiwa na silabi moja. Hazina hiyo ni tajiri na inastahili kusomwa, lakini "mtima" katika ripoti ya kliniki ya moyo utamshangaza kila mtu.

Dalili: msomaji amekerwa, au mtu aliyetajwa analalamika

Mtuhumiwa, mshtakiwa na mhalifu huwekwa mara nyingi katika orodha moja, na wanaoandika habari za mahakama huyabadilishabadilisha ili kuepuka kulirudia neno. Hilo lisifanywe kamwe. Mtuhumiwa anashukiwa, mshtakiwa amefikishwa mahakamani kwa shtaka maalumu, na mhalifu ni mtu ambaye kosa lake limethibitika. Kuhama kutoka la kwanza hadi la tatu ndani ya aya moja ni kumhukumu mtu kabla ya hakimu, na mwandishi anaweza kudaiwa fidia kwa kashfa. Rudia neno lilelile mara tano ikibidi.

Maneno ya vifo, miili na uzazi yana ngazi zake za heshima. Watu hufariki, ng'ombe hufa. "Ng'ombe watatu walifariki" huwafanya wafugaji wenyewe wakutazame kwa mshangao. "Ametangulia mbele ya haki" ni maneno ya faraja yaliyobeba imani, yanafaa katika salamu za rambirambi, lakini hayafai katika jedwali la takwimu za hospitali, ambamo "vifo" ndilo neno lililozoeleka. Katika kundi hili yamo pia maneno yanayowahusu watu wenye ulemavu. Tanzania ina Sheria ya Watu Wenye Ulemavu ya mwaka 2010, na namna hiyo ya kuwataja ndiyo ya kufuata, kwa kuwa inamtanguliza mtu. Anayeifupisha kwa kutumia "kiwete" kwa kuwa ameliona kamusini amechukua neno linaloumiza, hata kama hakukusudia.

Kwa dalili hii kamusi peke yake haitoshi. Litafute neno katika maandishi ya hivi karibuni ya aina ileile na unayoandika, utazame linakaa jirani na maneno gani. Neno "genge" likiwa karibu kila mara na polisi, silaha na wizi, usiliweke mahali pa "kundi" katika habari ya vijana wanaopanda miti.

Dalili: maandishi yanaeleweka Dar es Salaam, yanapotosha Nairobi

Kamati iliyoundwa mwaka 1930 kusimamia lugha katika makoloni ya Afrika Mashariki ilikitumia Kiunguja kuwa msingi wa usanifishaji, lakini msamiati uliokuja baada ya uhuru ulikuzwa kila nchi kwa njia zake. Tanzania iliunda Baraza la Kiswahili la Taifa, BAKITA, mwaka 1967. Kenya ilitegemea zaidi waandishi wa vitabu vya shule, walimu na vyombo vya habari. Ndiyo maana msomaji wa Kenya anaikubali "tarakilishi" na "rununu" bila kufikiri, huku Mtanzania akisema kompyuta na simu ya mkononi.

Tofauti hizo za vifaa ni ndogo, kwa kuwa msomaji huikisia maana. Zinazopotosha ni zile ambazo neno ni lilelile. Gavana nchini Kenya ni mkuu wa kaunti aliyechaguliwa. Tanzania, neno hilo huwa la Gavana wa Benki Kuu. Kaunti 47 zilizowekwa na Katiba ya mwaka 2010 hazina kisawe katika utawala wa Tanzania, hivyo mhariri anayezigeuza kuwa mikoa au wilaya amebadilisha muundo wa nchi ya watu. "Bibi yake" kwa wengi wa Tanzania ni mama wa mzazi wake, na kwa wengi wa Kenya ni mke wake. "Mganga" ni cheo rasmi Tanzania, kama katika Mganga Mkuu wa Mkoa, lakini likisimama peke yake wasomaji wengi humfikiria mtu wa tiba za asili. Hivyo usimwite daktari wa zahanati "mganga" kwa ajili ya kubadilisha ladha tu.

Amua kabla ya kuanza: msomaji wako yuko wapi? Vyeo, majina ya taasisi na ngazi za utawala viache kama vinavyotumika katika nchi ya habari yenyewe, na kama msomaji ni wa nchi nyingine, ongeza maelezo mafupi mara ya kwanza.

Dalili: msomaji anadhani unazungumzia vitu viwili

Shuleni wengi tulifundishwa kwamba kurudia neno ni udhaifu wa insha. Fundisho hilo lina mahali pake, lakini katika sheria, sayansi na maelekezo ya kazi linaharibu. Ripoti inayoanza na "mtoto", ikaendelea na "kijana", kisha "mhusika", imemfanya msomaji ahesabu watu watatu. Tena, katika sheria za Tanzania mtoto ni mtu aliye chini ya miaka 18, wakati sera ya taifa ya vijana ya mwaka 2007 humhesabu kijana kuanzia miaka 15 hadi 35. Mtu wa miaka 16 ni mtoto na ni kijana pia, ila ukibadilisha jina lake katikati ya shauri, unagusa ulinzi anaopewa. Vilevile sheria hutungwa na Bunge, kanuni hutungwa chini ya sheria, na sheria ndogo hutungwa na mamlaka za mitaa. Anayeyafanya hayo kuwa visawe amezichanganya ngazi za mamlaka. Kabla ya kuandika upya, pigia mstari istilahi zote na uzifunge zisiguswe.

Dalili: maneno yote yamebadilika, bado kazi inaonekana imenakiliwa

Mwanafunzi hushangaa anapoambiwa hivyo, kwa kuwa amehangaika na kila neno. Chanzo ni kwamba mifupa ya maandishi imebaki: mpangilio wa hoja ni uleule, urefu wa sentensi ni uleule, mifano ni ileile, na visawe vimevalishwa juu yake. Kasoro za visawe vya lazima, kama "ushuru wa makazi", ndizo zinazomwonyesha mwalimu kwamba kulikuwa na maandishi mengine nyuma. Programu za kubadili maneno hulikuza tatizo hili, kwa sababu nyingi hazikifahamu Kiswahili vizuri na hubadilisha neno bila kuigusa ngeli yake.

Soma aya nzima mpaka uielewe, ifunike, kisha mweleze hoja yake mtu asiyeisoma, kwa mdomo au kwa maandishi. Andika kutoka katika maelezo hayo, ndipo ufunue na kulinganisha ukweli, tarakimu na istilahi. Maneno yatakayofanana yatakuwa ni yale yasiyo na budi kufanana, na hakuna atakayekulaumu kwayo. Mwenye hoja atajwe hata kama hakuna neno lake hata moja lililobaki. Na sentensi ambayo kila kisawe ulichojaribu kimeipunguzia kitu, iandike kama ilivyo, ndani ya alama za kunukuu, pamoja na jina la aliyeiandika.